Anko, si wangerekodi tu?

Kasha lililo sebuleni kwangu lilichongwa na seremala wa Gikomba kwa plaiwudi. Lina matundu mawili ya spika na mpenyo wa sarafu ambao haujawahi kumeza hata shilingi moja. Ndani kuna skrini ya mtumba, kompyuta ya Raspberry Pi inayotoshea kiganjani, na amplifaya ndogo niliyoinunua Luthuli Avenue baada ya kubishana bei kwa muda mrefu kuliko ilivyostahili. Jumamosi moja mpwa wangu, aliye kidato cha tatu, alilikalia kwa saa mbili akicheza gemu ya ngumi isiyojulikana sana, kisha akanigeukia.

"Anko, hili jitu mbona linaongea kama mtoto wa nasari?"

Nikamwambia emuleta imekosea chipu ya sauti. Hakuridhika. "Kwani si wangerekodi tu mashine yenyewe, wakaweka sauti humu?"

Nilianza kumjibu, lakini raundi ya pili ilikuwa imeanza na alikuwa hanisikii tena. Jibu lenyewe ni hili.

Emuleta ni programu inayojifanya mashine nyingine. Kwa mashine za gemu za kutumbukiza sarafu, inayofahamika kuliko zote ni MAME, iliyoanzishwa na Mwitaliano Nicola Salmoria. Toleo lake la kwanza lilitoka Februari 1997. MAME haina gemu ndani yake. Inachukua programu iliyosomwa kutoka kwenye chipu za kumbukumbu za mashine halisi na kuiendesha, na ile programu haijui kwamba imehamishwa. Inaendelea kuandika namba kwenye anwani zilezile ilizoandikia miaka ya themanini, ikiamini kwamba upande wa pili kuna chipu ya sauti inayosubiri amri. Kazi ya emuleta ni kuhakikisha kwamba upande wa pili kweli kuna mtu.

Sasa, kuhusu kurekodi. Chukua Pac-Man ya Namco, ya mwaka 1980. Programu yake yote, pamoja na vizuka, kichochoro na akili za kila kizuka, ilikaa katika baiti 16,384. Sekunde moja ya muziki wa kiwango cha sidii hula baiti 176,400. Yaani kumbukumbu yote ya programu ya Pac-Man isingetosha kuhifadhi hata sehemu ya kumi ya sekunde ya wimbo. Kwa hiyo ndani ya mashine hamna wimbo. Hamna mlio, hamna kanda, hamna faili la kunakili. Kuna maagizo tu: sauti ya kwanza, panda, sauti ya pili, nyamaza, sasa teremka.

Unaweza kusema sawa, basi weka kinasa sauti mbele ya spika ucheze gemu. Hapo unakutana na tofauti ya bendi na kanda harusini. Bibi harusi akichelewa mlangoni, bendi inaurudia ubeti mpaka atokee, na akiingia ghafla inakatiza katikati na kubadilisha wimbo. Kanda haina macho. Ile honi ya Pac-Man inayolia nyuma ya mchezo hupanda kadiri vidoti vinavyopungua, na hukatizwa mara tu unapokula kidonge kikubwa, na juu yake kuna mlio wa kutafuna unaofuata mkono wako. Ukitaka kurekodi kila mpangilio unaowezekana, utazeeka kabla hujamaliza.

Kwa hiyo huigi wimbo, unamwiga mpigaji. Na mpigaji wa miaka ile alikuwa kiumbe wa ajabu: mtiifu kupindukia, na hajui noti hata moja.

Mwangalie AY-3-8910, chipu ya General Instrument ya mwaka 1978, ambayo ilitapakaa kila mahali. Kwa nje ina rejista 16, visanduku vya namba. 14 ni za sauti na mbili ni milango ya kupitisha data nyingine. Ndani kuna sauti tatu za wimbi la mraba, mtambo mmoja wa kelele na mtambo mmoja wa kupandisha na kushusha ukubwa wa sauti. Chipu hii haijui La wala Do. Inajua kuhesabu. Unaipa mapigo ya saa ya umeme, tuseme 1,789,772 kwa sekunde kama kwenye baadhi ya mashine za Konami, kisha unaipa namba. Inahesabu mapigo hadi idadi inayotokana na namba hiyo ifike, inageuza waya wa kutolea kutoka chini kwenda juu, inaanza kuhesabu upya, inageuza tena. Kasi ya wimbi ni mapigo ya saa kugawanya kwa 16 mara namba uliyoipa.

Fanya hesabu. Ukiandika 254 unapata wimbi la mizunguko 440.4 kwa sekunde. Ukiandika 255 unapata 438.7. Katikati hakuna kitu. La ya wanamuziki, 440 kamili, haipo humo, na kadiri unavyopanda noti za juu mianya inazidi kupanuka. Mtu mwenye sikio zuri anayeandika emuleta hujaribiwa kunyoosha noti. Asithubutu. Watunzi wa miaka ile walijua mianya hiyo, na mara nyingine waliziweka sauti mbili kwenye namba jirani makusudi ili zigongane na kutoa ule mtetemo mnene. Ukinyoosha, umeua wimbo.

Kelele ndiyo sehemu ninayoipenda kuliko zote. Milipuko, mawimbi ya bahari, ngoma, vyote vinatoka kwenye foleni. Wazia watu 17 wamepanga foleni steji, baadhi wana kofia. Kila aliye mbele anapopanda gari, kondakta anatazama kichwa chake na kichwa cha mtu wa nne. Mmoja akiwa na kofia na mwingine hana, mtu mpya anayejiunga mkiani anapewa kofia. Wote wawili wakifanana, anaingia kichwa wazi. Chipu inatoa 1 kila anapopanda mwenye kofia, 0 anapopanda asiye nayo. Basi, hiyo ndiyo kelele. Haina bahati nasibu yoyote: foleni hupitia mipangilio 131,071 kisha hurudia ileile, hatua kwa hatua. Na foleni nzima ikikosa kofia kwa bahati mbaya, hakuna atakayeipata tena milele, ndiyo maana lazima ianze na mtu mmoja mwenye kofia. Kondakta wa emuleta akimtazama mtu wa tano badala ya wa nne, foleni inaweza kuanza kujirudia mapema mno, na badala ya mlipuko unasikia nyuki.

Kufikia hapa mambo ni mepesi. Mtu yeyote anayejua kuandika programu anaweza kuiga AY wikendi moja, na sauti ikatoka. Itatoka mbaya, na sababu yake huwachanganya wengi.

Kompyuta yako hupeleka kwenye spika namba 48,000 kila sekunde, moja kila baada ya sehemu 20.8 za milioni za sekunde. AY ya mapigo 1,789,772 yaweza kugeuza waya wake kila baada ya sehemu 4.5 za milioni za sekunde. Maana yake ukingo wa wimbi huangukia mara nyingi katikati ya namba mbili, pasipo na mahali pa kuuandika. Ukiusogeza mpaka kwenye namba iliyo karibu, umeuchelewesha kidogo, ukingo unaofuata umeuwahisha kidogo, na huo mpangilio wa kuchelewa na kuwahi nao unakuwa noti, noti ambayo hakuna aliyeiandika. Umewahi kutazama video ya matatu ya Nairobi yenye rimu za kung'aa, ukaona magurudumu yanarudi nyuma na gari linaenda mbele? Kamera inapiga picha chache kuliko gurudumu linavyohitaji, na jicho linajaza uongo. Sikio nalo hujaza uongo vilevile. Dawa ni kuzalisha sauti kwa kasi ya chipu yenyewe, kuchuja yote yaliyo juu ya uwezo wa spika, ndipo upunguze kufikia 48,000. Kwenye emuleta nyingi za zamani hatua hii ilirukwa kwa sababu kompyuta zilikuwa dhaifu, na wapo watu waliokua wakiamini kwamba gemu za zamani zilikuwa na mikwaruzo. Mikwaruzo ilikuwa ya emuleta.

Sasa tuje kwa chipu iliyoniumiza kichwa. Mwaka 1967, katika Chuo Kikuu cha Stanford, John Chowning alikuwa akitetemesha noti moja kwa noti nyingine, kama mwimbaji anavyoitikisa sauti mwishoni mwa mstari. Akaongeza kasi ya mtikisiko. Ulipofika mamia kwa sekunde, mtikisiko ulitoweka na mahali pake pakatokea sauti mpya kabisa, ya kengele, ya tarumbeta, ya besi. Yamaha walichukua leseni ya mbinu hiyo, iitwayo FM, na mwaka 1984 chipu yao YM2151 iliingia kwenye mashine ya gemu ya Atari, Marble Madness. Ina sauti nane, kila sauti ikiwa na opereta nne, na opereta ni mtambo wa wimbi laini unaoweza kumtikisa mwenzake. Nane mara nne ni 32. Lakini ndani ya chipu hakuna mitambo 32. Upo mmoja tu, unaohudumia nafasi 32 kwa zamu, mapigo mawili ya saa kwa kila nafasi, kama mama mmoja wa kibanda anayepakua sahani 32 bila kuinua kichwa. Saa ikiwa 3,579,545, mzunguko mzima hukamilika mara 55,930 kwa sekunde.

Kila zamu inahitaji kuzidisha: wimbi mara ukubwa wa sauti. Na kuzidisha, kwenye silikoni ya miaka ile, kulikuwa ghali. Kulihitaji nafasi kubwa ya chipu. Yamaha walifanya nini? Walifanya kile mpwa wangu anachofanya kwenye hisabati anapokatazwa kikokotoo. Fungua jedwali, tafuta logi ya namba ya kwanza, tafuta logi ya pili, zijumlishe, rudi na antilogi. Kujumlisha ni rahisi. Chipu hizi zina jedwali la logi za saini (sine ya trigonometria, umbo la wimbi laini) lenye nafasi 256, robo tu ya wimbi, kwa sababu robo nyingine tatu ni ileile iliyogeuzwa, na zina jedwali jingine la kurudi. Nilipomwonyesha kijana hili, alikwenda kuleta kijitabu chake cha majedwali kutoka kwenye begi na kukitazama kwa heshima ambayo sijawahi kuiona kwake.

Tatizo liko kwenye tarakimu ya mwisho. Jedwali lako la tarakimu nne na la mwenzako la tarakimu tano hayatatoa jibu moja, na kwenye chipu ambayo opereta moja inaitikisa nyingine, inayoitikisa ya tatu, kosa dogo la mwanzoni linakuja kusikika mwishoni. Kwa miaka mingi waandishi wa emuleta walikisia majedwali kwa kusikiliza na kupima. Kisha mwaka 2008 Matthew Gambrell na Olli Niemitalo walichapisha matokeo ya kufungua chipu za ukoo wa OPL wa Yamaha, jamaa wa YM2151: ganda liliondolewa, silikoni ikapigwa picha kwa hadubini, na jedwali likasomwa biti kwa biti. Ikaonekana kwamba jedwali halianzi kwenye sifuri. Linaanza nusu hatua mbele. Nilicheka nilipoelewa sababu: saini ya sifuri ni sifuri, na logi ya sifuri haipo. Wahandisi walisogea nusu hatua na tatizo likaisha, na robo za wimbi zikakaa sawasawa zinapogeuzwa. Mwaka 2021 Aaron Giles, mmoja wa waliowahi kuiongoza MAME, alitoa maktaba ya programu iitwayo ymfm inayoiga ukoo mzima wa chipu za FM za Yamaha kwa misingi ya aina hii.

Nimezungumza kana kwamba ukiijua chipu umemaliza. Hapana, maana chipu haijaning'inia hewani. Imechomelewa kwenye bodi, na bodi ina siri ambazo hazimo kwenye kitabu cha maelezo ya chipu yoyote. Gyruss ya Konami, ya 1983, ina AY tano, yaani sauti 15, zinazopiga Toccata na Fuga ya Bach. Kwenye bodi kadhaa za Konami za kipindi hicho baadhi ya sauti za AY hupitia kapasita, vipuri vya kutunza chaji ya umeme, ambazo programu yenyewe inaziwasha na kuzizima, moja ya mikrofaradi 0.22 na nyingine ya 0.047, ili kukata makali. Mtu akiziiga AY kikamilifu na kuzisahau kapasita, Bach anatoka kama filimbi ya askari wa trafiki. Au Frogger, ya Konami pia, 1981: kwenye moja ya chipu za kumbukumbu za upande wa sauti, nyaya mbili za data zimebadilishana nafasi. Ukiisoma chipu hiyo moja kwa moja unapata takataka, mpaka ujue kwamba lazima ubadilishe biti mbili kwenye kila baiti.

Jitu la mpwa wangu lilikuwa mhanga wa jambo la aina hiyohiyo. Sauti za watu kwenye gemu nyingi za mwanzo wa miaka ya tisini zilipigwa na OKI MSM6295. Chipu hii kweli hucheza rekodi, fupi na zilizobanwa hadi biti nne kwa kila namba, nne kwa wakati mmoja. (Ndiyo, kufikia wakati huo kumbukumbu ilikuwa imeshuka bei na swali la kijana lilishajibiwa na wenye viwanda.) Kasi ya kuzicheza inategemea mguu wa 7 wa chipu. Mguu huo ukiunganishwa kwenye umeme wa juu, saa inagawanywa kwa 132; ukiunganishwa chini, kwa 165. Kwa saa ya milioni moja, ni namba takriban 7,576 kwa sekunde au 6,061. Tofauti ni robo nzima. Hakuna chochote ndani ya programu ya gemu kinachosema mguu wa 7 umeunganishwa wapi. Ni waya. Lazima mtu mwenye bodi halisi aigeuze, aweke ncha ya mita pale, na aandike alichokiona. Pasipo mtu huyo, mwandishi wa emuleta anachagua, na anaweza kukosea, na jitu likaingia ulingoni na sauti ya nasari.

Kuna mahali ambapo mpwa wangu alikuwa na haki kabisa. Space Invaders ya Taito, 1978, haikuwa na mpigaji wa namba tunayemzungumzia. Zile nyayo nne nzito zinazoharakisha kadiri maadui wanavyopungua, zile risasi, milipuko, vilitengenezwa na saketi za kawaida: transista, vipinga, kapasita, na chipu moja ya analogi, SN76477, kwa mlio wa chombo kinachopita juu. Hakuna rejista. Hakuna namba ya kunakili. Programu inawasha waya mmoja, umeme unapita kwenye vipuri, unafifia, na kule kufifia ndiko sauti. Kwa hiyo kwa miaka mingi MAME ilifanya kile alichopendekeza kijana: ilicheza vipande vya rekodi vya mashine halisi. Baadaye ikaja njia ya kuandika orodha ya kila kipuri na kila maungio yake, kisha kompyuta ikokotoe volti ya kila maungio, maelfu kwa maelfu ya mara kwa sekunde. Inakula nguvu ya kompyuta vibaya sana. Raspberry Pi yangu huanza kukohoa. Lakini risasi mbili zikifuatana haraka, ya pili inatoka tofauti kidogo kwa sababu kapasita haijamaliza kutoa chaji ya kwanza, na hiyo haimo kwenye rekodi yoyote.

Wakati nao una vituko vyake. Pac-Man huchora picha 60.606 kwa sekunde. Skrini yangu ya mtumba inachora 60. Ama uipunguze mashine kasi kwa asilimia moja na noti zishuke nayo, ama uache sauti iende na picha irukeruke mara mojamoja. Mimi nimechagua noti zishuke, hakuna aliyelalamika.

Tuliitafuta gemu ya lile jitu kwenye toleo jipya la emuleta, maana langu lilikuwa la miaka mingi, nililopewa kwenye flashi na mtu ambaye naye alipewa. Kwenye toleo jipya mtu alikuwa ameshaweka ncha ya mita. Tukaanzisha raundi. Jitu likatokea, likafungua mdomo, sauti ikatoka nzito, imeshuka karibu nusutoni nne, na ndefu zaidi, kwa sababu kasi ikipungua maneno nayo yanavutika.

Mpwa wangu alisikiliza kichwa kikiwa upande. "Sasa linaongea kama limechoka."

Labda ndivyo lilivyo. Bodi yenyewe sijawahi kuisikia.